Sheria Inayosomwa Ng'ambo Inamhusu Nini Mjane wa Mpanda?



Mwezi huu tungependa kuzungumza nanyi juu ya jambo ambalo kwa mtazamo wa kwanza linaonekana kuwa mbali sana na jiko, shamba na malezi ya watoto. Ni habari ya vyuo vinavyofundisha sheria, na jinsi vyuo vya nchi mbalimbali vinavyoshirikiana katika kazi hiyo. Huenda mama mmoja akauliza, "Sasa hayo yanatuhusu nini sisi?" Hata sisi tunaoandika makala haya tuliuliza hivyo hivyo. Sisi ni akina mama wa Mpanda, wakulima wa mahindi na karanga, wachuuzi wa dagaa wa Karema, walimu wa shule za msingi na wauguzi. Hakuna hata mmoja wetu aliyesomea sheria. Lakini tumejifunza kwamba yale yanayofundishwa katika madarasa ya mbali yanaweza kuingia nyumbani mwetu siku ya msiba. Na jambo lililotushangaza zaidi ni hili: yale yanayotokea nyumbani mwetu nayo huingia katika madarasa hayo ya mbali.

Matanga yakiisha

Mkoa wetu wa Katavi, uliozaliwa mwaka 2012 kutoka Mkoa wa Rukwa, ni mkoa wa watu wengi waliochanganyika. Wapo Wabende, Wapimbwe na Wakonongo, ambao ndio wenyeji. Wapo Wafipa kutoka jirani. Wapo Wasukuma waliokuja na ng'ombe wao kutafuta malisho na ardhi ya kulima. Wapo ndugu zetu wa Katumba na Mishamo, ambao wazazi wao walikimbia vita Burundi mwaka 1972 na ambao wengi wao leo ni raia wenzetu. Kila watu wana mila zao, nasi tunaziheshimu. Tunaoana, tunazikana na kusali pamoja.

Lakini akina mama, tuseme ukweli. Liko jambo moja ambalo katika makabila mengi linafanana. Baba wa nyumba akifa, matanga yakiisha, mjane huanza kuulizwa maswali. Ufunguo wa ghala uko wapi? Baiskeli iko kwa nani? Kadi ya ng'ombe anayo nani?

Mwenzetu mmoja wa jumuiya yetu alipatwa na hayo. Mumewe aliugua muda mfupi, akafariki, akamwacha na watoto watatu, wa mwisho akiwa bado ananyonya. Walikuwa na nyumba ya matofali ya kuchoma, ekari sita za shamba, jembe la kukokotwa na ng'ombe wanane. Kabla mwezi haujaisha shemeji zake walikuja na kumweleza kwa upole kabisa kwamba mali ni ya ukoo. Ng'ombe waliswagwa siku ile ile. Shamba akaambiwa alime msimu mmoja, baada ya hapo wataona. Yeye mwenyewe akashauriwa arudi kwao, watoto wabaki kwa baba zao.

Tulikwenda kumfariji. Tulisali, tulimpikia, tulimbebea maji. Ndipo alipotuuliza swali moja tu: "Jamani, kwani sheria inasemaje?" Tuliangaliana.

Binti aliyerudi likizo

Mungu hamtupi mja wake. Wakati huo binti wa mmoja wetu alikuwa amerudi likizo kutoka chuo kikuu, ambako anasoma sheria. Alishuka kwenye treni ya kutoka Kaliua akiwa na begi zito la vitabu. Alikwenda kumwamkia mwenzetu, akakaa chini karibu naye, akamwambia: "Shikamoo, mama mdogo. Pole sana. Nisikilize, nina habari ya akina mama wawili kama wewe."

Habari aliyoitoa siku ile ndiyo tunayotaka kuwapa na ninyi, kwa sababu ni ya kweli na inaonyesha vizuri ushirikiano wa vyuo una maana gani.

Mwaka 1963 serikali yetu changa iliandika mila za urithi za makabila ya bara katika tangazo rasmi, ili mahakimu wawe na kitu kimoja cha kufuata. Nia ilikuwa kuleta umoja. Lakini katika tangazo hilo iliandikwa kwamba mjane hana fungu katika urithi wa mumewe ikiwa marehemu ana ndugu wa ukoo wake; fungu lake ni kutunzwa na watoto wake, kama yeye alivyowatunza. Mabinti nao waliwekwa daraja la tatu, la mwisho, katika kugawana.

Wajane wawili, walioolewa kwa mila za Kisukuma, walinyang'anywa nyumba na mali kwa msingi wa kanuni hizo. Hawakunyamaza. Walikwenda kwenye kituo cha msaada wa kisheria kwa wanawake kilichoko Dar es Salaam, kinachojulikana kwa kifupi WLAC. Kesi ilifunguliwa Mahakama Kuu. Mwaka 2006 mahakama ilikiri kwamba kanuni zile zinawabagua wanawake, lakini ikasema haiwezi kubadili mila kwa hukumu. Wakakata rufaa. Mwaka 2010 Mahakama ya Rufani ikaitupa rufaa yao kwa kasoro ya kiufundi katika hati, bila kugusa kiini cha malalamiko yao.

Hebu fikirini, akina mama. Miaka inapita, watoto wanakua, na ada inadaiwa. Wengi wetu tungesema basi, tumwachie Mungu. Lakini wanasheria wa WLAC waliungana na walimu na wanafunzi wa sheria wa Chuo Kikuu cha Georgetown huko Washington, Marekani, chuo kilichoanzishwa na Wayesuiti. Pamoja walipeleka malalamiko mbele ya kamati ya Umoja wa Mataifa inayosimamia mkataba wa kuondoa ubaguzi dhidi ya wanawake, mkataba ambao Tanzania iliuridhia mwaka 1985. Mwaka 2015 kamati hiyo ilitoa uamuzi kwamba wajane wale wamevunjiwa haki zao. Ikaitaka Tanzania iwape fidia na irekebishe au ifute mila zinazowanyima wanawake urithi.

Maamuzi ya kamati hayafuti sheria yenyewe. Sheria hufutwa na Bunge au mahakama zetu. Lakini neno likishatamkwa mbele ya mataifa, haliwezi tena kufunikwa na mkeka.

Mkono huosha mkono

Tulimwuliza binti: ilikuwaje wanafunzi wa Marekani wakajua habari za mjane wa Kisukuma? Hapo ndipo alipotufungulia mlango ambao hatukujua kuwa upo.

Alitueleza kwamba kabla ya uhuru hapakuwa na chuo kikuu cha sheria katika Afrika ya Mashariki yote. Aliyetaka kuwa wakili alipaswa kusafiri mbali, wengi kwenda London, na wangapi walikuwa na nauli hiyo? Mwezi Oktoba 1961, wiki chache kabla ya bendera yetu kupandishwa, kitivo cha sheria kilifunguliwa Dar es Salaam kikiwa na wanafunzi 14 tu. Kilianzia katika jengo la TANU, mtaa ambao leo unaitwa Lumumba. Walimu wake wa kwanza walitoka ng'ambo, na shahada zilitolewa na Chuo Kikuu cha London. Kwa miaka karibu kumi, vijana wa Kenya na Uganda nao walikuja kusoma sheria pale. Willy Mutunga, aliyekuwa Jaji Mkuu wa Kenya kuanzia mwaka 2011 hadi 2016, ni mmoja wa waliopata shahada yao Dar es Salaam. Na mwanamke wetu Julie Manning, mmoja wa wanawake wa kwanza kusoma sheria pale, alikuwa jaji, na mwaka 1975 akateuliwa kuwa Waziri wa Sheria.

Kwa hiyo ushirikiano wa vyuo si jambo la jana. Tulianza tukiwa wapokeaji. Kisha mambo yakaanza kubadilika. Wanawake wanasheria wa Afrika waliona kwamba vitabu vilivyotoka Ulaya havikusema lolote juu ya mahari, kurithi wajane au shamba la ukoo. Chuo Kikuu cha Zimbabwe, Harare, kikishirikiana na Chuo Kikuu cha Oslo cha Norwe, kikaanzisha masomo ya sheria na wanawake kwa wanasheria wa Mashariki na Kusini mwa Afrika. Wanafunzi wake walitumwa vijijini kuwasikiliza akina mama kabla ya kuandika chochote. Mwaka 1993 Georgetown nayo ilianza kuwapokea wanawake wanasheria wa Kiafrika, wakiwamo Watanzania, wasome kisha warudi kufanya kazi nyumbani. Mwaka 2006 jarida la sheria la chuo hicho lilichapa makala ya Tamar Ezer juu ya sheria za mirathi za Tanzania na jinsi zinavyowafukarisha wajane na mabinti. Na mwaka 2008 Chuo Kikuu cha Dar es Salaam na Chuo Kikuu cha Bayreuth cha Ujerumani vilianzisha kituo cha pamoja cha kuwafundisha wanasheria wa nchi za Jumuiya ya Afrika Mashariki.

Mwenzetu mjane alisikiliza yote haya kimya. Kisha akasema, "Mwanangu, kumbe hao Wazungu walikuwa wanafundishwa na wajane."

Tulicheka, lakini alikuwa amesema neno kubwa. Wanafunzi wale walijua kuandika hoja, lakini hawakujua maana ya kuamka asubuhi na kuambiwa nyumba uliyoikandika kwa mikono yako si yako. Hilo walifundishwa na wajane. Nao wajane walijua uchungu wao, lakini hawakujua mlango wa kupeleka kilio. Huo walionyeshwa na wanasheria. Mkono mmoja haulei mwana, na mkono mmoja haujengi haki.

Je, haya si mambo ya Wazungu?

Baadhi ya wazee wetu, tukiwaeleza haya, hutikisa kichwa. Wanasema mnaleta mambo ya Wazungu kuvunja mila zetu. Tusiwadharau. Tuwajibu kwa adabu.

Kwanza, mila zetu za asili hazikumtupa mjane. Ukoo ulichukua mali kwa sababu ukoo ulichukua pia mzigo: kumlimia mama, kumjengea, kuwaoza watoto. Siku hizi wengi huchukua ng'ombe na kuuacha mzigo mlangoni. Mila iliyobaki nusu si mila tena.

Pili, majaji wetu wenyewe walianza kuliona hili bila kushikwa mkono. Mwaka 1983 Mahakama ya Rufani, katika kesi ya Bi. Hawa Mohamed na Ally Sefu, ilitamka kwamba kazi za nyumbani za mke ni mchango katika kupatikana kwa mali ya ndoa. Bi. Hawa mwenyewe hakupata kitu katika kesi ile, lakini neno lile limewafaa maelfu ya wanawake baada yake. Mwaka 1990 Jaji Mwalusanya, akiwa Mahakama Kuu Mwanza, aliamua kwamba mwanamke wa Kihaya aliyerithi shamba la ukoo kutoka kwa baba yake ana haki ya kuliuza kama mwanamume. Hukumu hizo zimesomwa na wanafunzi wa sheria ndani na nje ya nchi yetu. Basi nasi tumekuwa walimu.

Tatu, hata Biblia inayo kesi ya namna hii. Katika kitabu cha Hesabu, sura ya 27, mabinti watano wa Selofehadi walisimama mbele ya Musa na wazee wote wakidai urithi wa baba yao aliyekufa bila mtoto wa kiume. Musa hakuwakemea. Alilipeleka neno lao kwa Bwana, na Bwana akasema mabinti wale wana haki. Sheria ikarekebishwa kwa sababu wanawake walisema.

Lakini wazee wana haki katika jambo moja. Mgeni huja na kuondoka. Mwanafunzi wa ng'ambo hukaa wiki mbili, huandika, hupanda ndege. Fedha za wafadhili nazo zina mwisho. Msaada usioacha mtu wa kwetu anayejua kazi ni mvua ya mawe: hupiga kelele juu ya bati, kisha shamba hubaki kavu. Ndiyo maana binti aliyetoka hapa hapa, anayejua salamu zetu na lugha ya mama yake, ana thamani kuliko wageni kumi.

Yaliyompata mwenzetu

Huenda mnataka kujua ilikuwaje. Binti yule hakuwa wakili bado, na alisema hivyo waziwazi. Alichofanya ni kumsindikiza mama mdogo wake kwa msaidizi wa kisheria, kisha mahakamani. Walibeba cheti cha ndoa ya kanisani, vyeti vya kuzaliwa vya watoto, cheti cha kifo, na majina ya majirani walioshuhudia nyumba ikijengwa.

Hapo tulijifunza jambo jingine. Wako Wakristo wanaodhani kwamba ndoa ya kanisani inatosha kuamua mambo ya mirathi. Haitoshi peke yake. Mahakama huangalia jinsi marehemu alivyoishi na alivyokusudia. Ikiwa aliishi Kikristo, mahakama zetu zimetumia sheria ya urithi iliyotoka India, ya mwaka 1865, iliyoletwa na wakoloni, inayompa mjane theluthi moja na watoto theluthi mbili. Ikiwa aliishi kimila, mambo huwa mengine. Kwa hiyo ushuhuda wa padre au mchungaji, wa wanajumuiya na wa majirani una uzito mkubwa.

Shauri lilichukua zaidi ya mwaka mmoja. Mwenzetu alibaki na nyumba, na shamba likaandikwa kwa ajili yake na watoto. Watoto wote watatu wako naye. Ng'ombe walikuwa wameshauzwa mnadani, na fedha hazikupatikana. Na shemeji mmoja hajamsalimia hadi leo. Haki ya duniani haiji bila makovu. Lakini analala kwake.

Tufanye nini sisi?

Akina mama wapendwa, tusisubiri msiba ndipo tuulize sheria inasemaje. Yako mambo tunayoweza kufanya sasa.

1. Tutunze vyeti: cha ndoa, vya kuzaliwa vya watoto, na karatasi za shamba na nyumba. Tuviweke mahali pakavu, na nakala kwa mtu tunayemwamini.

2. Tuzungumze na waume zetu juu ya wosia wakiwa wazima. Si uchuro. Mume mwema humwandalia mkewe na wanawe. Jambo hili lisemwe kwa upole, jioni, watoto wakiwa wamelala, wala si katikati ya ugomvi.

3. Tuwafahamu wasaidizi wa kisheria walio karibu nasi. Sheria ya Msaada wa Kisheria ya mwaka 2017 inawatambua. Tuwaalike waje kwenye vikundi vyetu vya akina mama, tuwaulize maswali.

4. Tusikimbie viti vyetu. Sheria ya Ardhi ya Vijiji ya mwaka 1999 inataka baraza la ardhi la kijiji liwe na wajumbe saba, na wasiopungua watatu wawe wanawake. Tukikataa kuchaguliwa kwa sababu ya aibu, nani atamsemea mjane?

5. Tuwasomeshe mabinti zetu. Binti wa Inyonga, wa Usevya, wa Ikola anaweza kusoma sheria kama binti wa Dar es Salaam. Chuo cha Uongozi wa Mahakama kiko Lushoto, vyuo vikuu vya sheria vipo katika mikoa kadhaa, na Chuo Kikuu Huria humfuata mwanafunzi mkoani kwake. Nafasi za kwenda kusoma nchi za nje hutokea, lakini humfikia aliyemaliza masomo ya hapa kwanza. Binti aliyeozwa akiwa darasa la saba hazimfikii kamwe.

6. Tukifuatwa na mwanafunzi au mtafiti mwenye daftari, awe wa kwetu au mgeni, tumsikilize na tumweleze kweli yetu. Lakini tumwulize naye: "Haya unayoandika yataturudia vipi?" Mwenye nia njema hatachukia swali hilo.

Mwisho, tuwaombee wanaosoma sheria na wanaoifundisha, popote walipo. Mara nyingi tunawaombea madaktari na mapadre tukawasahau hawa. Lakini Bwana wetu mwenyewe alitoa mfano wa mjane aliyemwendea kadhi dhalimu bila kuchoka hadi akapewa haki yake. Mjane yule hakuwa na wakili wala chuo cha kumsaidia. Wajane wetu wasiachwe wapige hodi peke yao. Tuwapeleke mabinti wetu shuleni, na siku wakirudi na vitabu vyao, tuwapishe kiti waketi na kutueleza.